Hii ni sonona au ni uvivu? Na nikienda hospitali, itanifuata kwenye ajira?

Binti wa Kilosa:
Wakubwa shikamooni, wenzangu mambo. Nipo mwaka wa pili, ualimu wa sayansi, chuo kimoja hapa Dodoma. Tangu matokeo ya muhula uliopita yatoke nikakuta nina sapu, yaani mtihani wa kurudia, mimi si mtu. Saa tisa usiku niko macho, moyo unaenda mbio kama kuna anayegonga mlango. Kikifika kipindi cha asubuhi, mwili mzito. Naoga, navaa, nabeba begi, nafika mpaka kwenye ngazi za ukumbi. Nikisikia kelele za watu ndani, nageuza. Mama akipiga, naiangalia simu inaita mpaka inakata. Zamani boom, ile hela ya mkopo ya kujikimu, likiingia mimi ndiye wa kwanza kwenda kula chipsi kuku pale getini. Safari hii nimelipa madeni, nikatuma kidogo nyumbani, nikalala.

Ninayekaa naye chumba ni mtu mwema, ila anasema ni jini mahaba, nitafute shehe. Mjomba nilimgusia kidogo, akacheka: "Sisi tulisoma kwa koroboi. Nyie mna taa na mkopo, mnaumwa mawazo!"

Sasa naomba kuuliza: huu ni ugonjwa au nimekuwa mvivu tu? Na nikitibiwa, faili litanifuata nikiomba ajira? Hapa Dodoma ukitaja akili tu, watu wanamalizia Mirembe, hospitali ya wagonjwa wa akili. Halafu msiniambie nisali. Nasali.

Fundi Rejeta:
Pole dada, ila sapu si kudisko, hujafukuzwa chuo. Mimi nilivuka mwaka na karia, somo nililofeli nikalibeba mwaka uliofuata, na leo nakula kwa jasho langu. Fanya mazoezi, acha simu usiku, mawazo yatakwisha yenyewe.

Nesi wa Zamu:
Fundi, ushauri wako unamfaa aliyechoka. Huyu hajachoka tu.

Mdogo wangu, mvivu angekimbia kipindi akaenda kula chipsi. Wewe hata chipsi zimekushinda. Sisi huko kliniki tunauliza hivi: huzuni, au kukosa hamu ya vitu ulivyokuwa unavipenda, vimedumu wiki mbili au zaidi, karibu kila siku? Usingizi, kula, nguvu, umakini, vimevurugika? Sonona na wasiwasi hupenda kuja pamoja, ndiyo maana moyo unakudunda usiku na asubuhi miguu haitaki. Mimi sikupimi kwa maandishi, lakini ulivyoeleza inatosha kukufikisha kwa daktari. Atataka na damu yako pia, maana upungufu wa damu na matatizo ya tezi ya shingo huweza kuleta uchovu na mapigo ya moyo ya namna hiyo.

Anzia zahanati ya chuo, uombe rufaa. Mirembe usiiogope. Ina kliniki ya wagonjwa wa nje: mtu anaonwa, anachukua dawa, anarudi kwake. Wanaoletwa na mahakama wana sehemu yao, Isanga. Wanaotaniana hosteli hawajui hata geti lilipo.

Na si kila mtu anapewa vidonge. Wengine mazungumzo na mshauri yanawatosha. Ukipewa, usitegemee kesho yake uamke unaimba. Fluoksetini inaweza kukutia kichefuchefu siku za mwanzo, amitriptilini inakausha mdomo na kuleta usingizi, na nafuu yenyewe huchukua wiki mbili hadi nne, wengine zaidi. Wengi wanaacha hapohapo katikati. Usiache bila kumwambia daktari. Ukitaka kwenda kwa shehe nenda, havigombani, mradi dawa usiitupe.

Nina swali na naomba usilione baya: umewahi kufikiria kufa au kujidhuru?

Ticha wa Fizikia:
Hilo la ajira nakujibu mimi. Nilitibiwa sonona nikiwa chuo na leo nafundisha kidato cha pili. Faili ni siri yako na daktari, halitembei kwenda kwa mwajiri.

La kuogopa ni karatasi ambazo HUNA. Ukikosa mitihani kimyakimya unahesabiwa mtoro, na huko ndiko kudisko kuliko. Ukiona huwezi kabisa, omba kuahirisha masomo KABLA ya mitihani, ukiwa na barua ya daktari, kupitia kwa mshauri wa wanafunzi. Na kabla ya kujaza fomu pita kwa afisa mikopo wa chuo, umuulize Bodi ya Mikopo italiendeshaje boom lako ukirudi. Mjomba mwache na koroboi yake.

Binti wa Kilosa:
Asanteni, hasa Nesi. Ile ya chipsi imenichekesha, sikumbuki mara ya mwisho nilicheka lini. Kufa hapana. Ila natamani nilale nisiamke mpaka muhula uishe. Hiyo nayo nimwambie daktari?

Nesi wa Zamu:
Mwambie hivyohivyo, usiipunguze hata neno. Na usiku wa leo mwambie mwenzako wa chumbani asitoke. Hamu hiyo ikigeuka kuwa ya kufa, usisubiri siku ya kliniki: nendeni pamoja mapokezi ya dharura ya hospitali yoyote ya karibu, hata iwe saa tisa hiyohiyo.

Kesho wahi, beba kadi ya bima na kitambulisho cha chuo. Ukifika saa nne, foleni ya maabara itakula siku nzima.