Kikundi cha jumuiya, Mtwara: foleni ya kitubio Juma Kuu

Katibu: Tumsifu Yesu Kristo. Wanajumuiya, kitubio (kuungama dhambi kwa padre) parokiani ni kesho Jumatatu na Jumanne, kuanzia saa 10 jioni. Jumatano mapadre wote wapo kwa Baba Askofu, Misa ya Krisma, ile ya mafuta matakatifu. Siku hiyo padre humpati hata kwa dawa.

Mama Neema: Milele amina. Kwani Ijumaa Kuu haiungamwi? Wengine ndiyo siku tuna nafasi.

Katekista: Inaungamwa, mama. Ijumaa Kuu na Jumamosi Kuu hakuna Misa, lakini kitubio na mpako wa wagonjwa vipo. Kinachobana ni saa. Ibada ya Mateso inaanza saa 9 alasiri na padre ni mmoja. Watu 60, kila mmoja dakika 4, hizo ni saa 4 nzima. Mkija wote saa 8 mtabaki kwenye benchi.

Kaka Deo: Si atuondolee wote kwa mkupuo, tumalize? 😅

Katekista: Deo bwana. Kanuni ya 961 ya Sheria ya Kanisa inasema wingi wa watu kwa sababu ya sikukuu tu hautoshi kutoa ondoleo la jumla. Hata ile ibada ya toba ya pamoja, mkishasikiliza masomo na kupeleleza dhamiri, kila mtu anakwenda kwa padre peke yake. Anayetoka mlangoni kabla ya hapo amesali, hajaungama.

Mwenyekiti: Na foleni inacheleweshwa na hadithi. Mtu anaingia, anaanza na mkwe, anamaliza na jirani. Hizo ni dhambi za wenzio! Peleleza moyo nyumbani, ukifika kwenye kiti useme: nibariki padre, nimekosa, niliungama mara ya mwisho lini. Halafu dhambi.

Katekista: Dhambi kubwa zitajwe kwa aina na idadi. "Nimekosa kwa mambo mengi" haimsaidii muungamishi. Sema "nimekosa Misa ya Jumapili bila sababu, kama mara sita". Hujui idadi kamili, kadiria. Kama kuna jambo linalobadilisha uzito, litaje kwa neno moja: kumwibia mjane si sawa na kuokota embe la njiani. Na kama ni mali ya mtu, kujuta peke yake hakutoshi, irudishe.

Kaka Deo: Nikisahau moja je?

Katekista: Uliyoisahau kweli imeondolewa pamoja na nyingine. Ikiwa kubwa, itaje kitubio kijacho. Uliyoificha makusudi ukiijua kuwa kubwa, hapo kitubio chote kimeharibika, unaanza upya, pamoja na kusema kwamba ulificha.

Dada Tumaini: Sala ya kutubu imenitoka kichwani.

Mama Neema: Ni ile "Mungu wangu, nimetubu sana". Ukikwama, jutia kwa maneno yako au mwombe padre akuongoze. Hakai pale kusahihisha mtihani wa katekisimu.

Mwenyekiti: Malipizi mliyopewa na padre yafanyeni palepale kanisani kabla ya kupanda bodaboda. Ukifika nyumbani unasahau kama ni Salamu Maria tatu au tano.

Mama Neema: Bibi yetu Kiswahili hakimkai vizuri, anasema Kimakonde tu. Na masikio yamechoka.

Katekista: Sheria inaruhusu mkalimani (kanuni ya 990), na huyo naye anafungwa na siri. Bibi mwenyewe ndiye amchague, msimpachike mjukuu anayemwonea aibu. Kuhusu masikio, mwambieni padre mapema amsikilize pembeni, mbali na foleni, maana bibi akipaza sauti benchi la mbele wote watasikia.

Dada Tumaini: Mgonjwa akitumia simu?

Katekista: Kitubio hakifanyiki kwa simu wala kwa sauti ya kurekodi. Padre atakwenda nyumbani. Kama mgonjwa atahitaji Komunyo Ijumaa, kutaneni na padre kabla ya Alhamisi Kuu, maana hostia (mikate ya Komunyo) za Ijumaa zote zinageuzwa katika Misa ya Alhamisi jioni. Ijumaa hakuna kuongeza, zikipungua zimepungua. Ndiyo maana naomba idadi ya wagonjwa.

Kaka Deo: Na Ijumaa pweza anaruhusiwa?

Mwenyekiti: Pweza, dagaa, samaki, ruksa. Kuku ni nyama, asidanganye mtu. Kuacha nyama ni kuanzia miaka 14. Kufunga ni kuanzia 18 mpaka 59: mlo kamili mmoja, na midogo miwili ambayo ikijumlishwa haifikii huo mmoja. Lakini sahani ya pweza wa nazi inayomwagika pembeni, mfungo gani huo Deo 😂

Katekista: Mkesha wa Jumamosi hauanzi kabla ya giza, kwa hiyo msilalamikie saa 2 usiku. Wa zamu ya moto walete kuni kavu na kuzifunika, masika haijaisha. Mwaka huu sitaki mafuta ya taa kwenye moto wa Pasaka.

Katibu: Narudia: idadi ya wagonjwa wa kupelekewa Komunyo Ijumaa nipate kabla ya Jumanne saa 12 jioni. Majina mtumieni katekista faragha, humu andikeni namba tu.

Mama Neema: Kwetu 2.

Dada Tumaini: 1

Kaka Deo: 0. Kuni nitaleta mimi, za mkorosho.