Je, Gwilym Lloyd George ndiye waziri aliyefuta mradi wa karanga wa Nachingwea?

Mwalimu wa Shangani, Mtwara

Habari za jioni, ndugu zangu. Ninafundisha historia hapa Mtwara, na wanafunzi wangu wa kidato cha sita wanaandaa mada kuhusu mradi wa karanga wa serikali ya Uingereza, enzi za ukoloni, ulioiletea Kusini bandari na reli. Mzee mmoja aliyewahi kufanya kazi bandarini amewaeleza kwamba mradi huo uliuawa na waziri wa chakula wa Wahafidhina, mtoto wa yule Lloyd George aliyekuwa Waziri Mkuu wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Ninaheshimu sana maneno ya mzee huyo, lakini nataka vijana waandike jambo lililothibitika. Je, waziri huyo anahusika? Na ilikuwaje mtoto wa Mliberali mashuhuri namna ile akahudumu katika serikali ya Wahafidhina?

Mnachingwea

Shikamoo, Mwalimu. Gwilym Lloyd George alikuwa kweli Waziri wa Chakula, ila aliingia wizarani Oktoba 1951, Churchill aliporudi madarakani, na wakati huo mambo yetu yalikuwa yamekwisha kuamuliwa. Mradi ulianzishwa na serikali ya chama cha Leba, wapinzani wa Wahafidhina wa Churchill, na John Strachey ndiye aliyeusimamia kwa nguvu zote akiwa Waziri wa Chakula. Serikali hiyo hiyo ya Leba ndiyo iliyotangaza Januari 1951 kwamba mpango mkubwa umeachwa, pauni milioni 36 zikafutwa vitabuni, na shughuli zilizobaki zikahamishiwa Wizara ya Makoloni mwaka huo huo kabla ya uchaguzi. Nadhani mzee wetu amekumbuka wizara sahihi na jina sahihi, kwa kuwa Wahafidhina wakiwa upinzani ndio waliopiga kelele kuliko wote juu ya karanga zetu, na si ajabu watu wakaamini kwamba waliopiga kelele ndio waliofunga.

Kazi aliyoikuta Gwilym ilikuwa ya nyumbani kwao. Waingereza walikuwa wakila kwa kadi za mgawo tangu Januari 1940: mama wa nyumbani alisajiliwa kwa muuza nyama mmoja, akapeleka kitabu chake kikakatwa au kupigwa muhuri, akapewa kiasi alichopangiwa. Chini ya Gwilym chai iliachiwa mwaka 1952, peremende na sukari mwaka 1953, na nyama ikawa ya mwisho, Julai 1954. Kwa maoni yangu hilo ndilo jambo kubwa zaidi katika maisha yake ya kisiasa. Waziri anayejua kwamba kila kadi anayoifuta inaipunguzia wizara yake kazi, naye akaendelea kuifuta, anastahili heshima. Na kweli mwaka uliofuata Wizara ya Chakula iliunganishwa na ya Kilimo.

Mkazi wa Lindi

Niongeze juu ya chama, maana hapo ndipo wengi wanapopotea. Gwilym alizaliwa Criccieth, kaskazini mwa Wales, mwaka 1894, akapigana katika Vita Kuu ya Kwanza akiwa ofisa wa mizinga, akaingia Bungeni mwaka 1922 kwa jimbo la Pembroke akiwa Mliberali kama baba yake. Kuhama kwake hakukuwa kwa siku moja. Katika vita vya pili alihudumu katika serikali ya umoja, na tangu 1942 akawa Waziri wa Nishati. Leba na Waliberali walipotoka serikalini mwaka 1945, yeye alibaki na Churchill, na Wahafidhina wa Pembroke hawakumwekea mpinzani. Tangu hapo ukaribu ukazidi, hata Waliberali wenyewe wakaacha kumhesabu kuwa wao. Mwaka 1950 alishindwa na mgombea wa Leba kwa kura 129 tu, kisha mwaka uliofuata akarudi Bungeni kwa jimbo la Newcastle upon Tyne Kaskazini, huko Uingereza, akitumia jina la Mliberali na Mhafidhina kwa pamoja.

Mimi simwiti msaliti. Aliamini kwamba Leba ilikuwa inaikabidhi serikali mambo mengi mno, na Waliberali waliobaki wachache hawakuwa na uwezo wa kuizuia. Lakini dada yake, Megan, aliyatazama mambo hayo hayo akaelekea upande wa pili kabisa, akajiunga na Leba mwaka 1955.

Mwalimu wa Shangani, Mtwara

Nawashukuru sana. Ikiwa jimbo lake la mwisho lilikuwa nje ya Wales, je, Wales yenyewe ilipata nini kwake?

Mkazi wa Lindi

Mwalimu, tangu Oktoba 1954 hadi Januari 1957 alikuwa Waziri wa Mambo ya Ndani na pia Waziri wa Mambo ya Wales. Aliyemtangulia katika wadhifa huo wa Wales alikuwa Mskoti, kwa hiyo Gwilym ndiye mtu wa kwanza wa Wales kuushika, tena aliyekisema Kiwelisi tangu utotoni. Desemba 1955 alitangaza Cardiff kuwa mji mkuu wa Wales, jambo ambalo Caernarfon nayo ilikuwa imelitamani. Hata hivyo, ombi la watu wapatao robo milioni, waliotaka Bunge la Wales na ambao kampeni yao iliongozwa na Megan, halikukubaliwa na serikali aliyoitumikia.

Vijana wasiache pia habari ya Ruth Ellis, mwanamke aliyemuua mpenzi wake, akanyongwa Julai 1955 baada ya Gwilym kukataa kumpa ahueni ya adhabu. Watu wengi walimwomba, naye akashikilia kwamba sheria ifuate mkondo wake. Mimi naona alikosea sana. Ellis ndiye mwanamke wa mwisho kunyongwa Uingereza, na sheria ya mauaji ya mwaka 1957, ambayo muswada wake uliletwa Bungeni Gwilym akiwa bado waziri, ilipunguza makosa ya kunyongewa na ikaruhusu mahakama kuizingatia hali ya akili ya mshtakiwa. Macmillan alipokuwa Waziri Mkuu na kuunda serikali, Gwilym aliondoka akapewa cheo cha Vaikaunti Tenby. Alifariki Februari 1967.

Mnachingwea

Mwalimu, vijana wakimaliza, naomba wamrudie yule mzee wa bandarini wamsomee walichoandika kabla ya kukukabidhi. Huenda anakumbuka mambo ya gati na ya ujenzi wa reli ambayo hayamo katika kumbukumbu za London.