PS5 ya 825GB imejaa: eksteno, M.2 au nisubiri konsoli mpya? Naombeni ushauri

Pedi_Mbili

Wakuu, naombeni msaada. PS5 niliyonayo ni toleo la kwanza, lile la 825GB. Ukitoa kinachochukuliwa na mfumo inabaki kama 667GB, na imejaa kiasi kwamba gemu likidai sasisho, lazima jingine lifutwe. Ninayo pia eksteno ya 2TB, diski ya kuzunguka, iliyokuwa kwenye PS4 na bado ina magemu ya PS4 ndani.

Ninachotaka kujua: hiyo eksteno inatosha au ninunue M.2, ile SSD ya kufunga ndani ya konsoli? Nikihamisha gemu, sevu (hatua nilizofikia) zinaenda nalo? Na nikichukua PS5 Slim baadaye, kuna namna ya kuyapeleka magemu kule bila kuyapakua upya? Bando langu lina kikomo, gemu la 100GB siwezi kulipakua mara mbili.

Kidhibiti

Mkuu, kwanza tenganisha mahali gemu linapotunzwa na mahali linapochezeka. Wengi wananunua kifaa kisichowafaa kwa sababu hawajatenganisha hayo mawili.

Gemu la PS4 linatunzwa na kuchezwa hapo hapo kwenye eksteno ya USB. Gemu la PS5 kwenye eksteno linatunzwa tu, na hata hilo liliwezekana baada ya sasisho la mfumo la Aprili 2021. Ukitaka kulicheza, unalirudisha kwanza kwenye hifadhi ya ndani au kwenye M.2. Magemu ya PS5 yametengenezwa yakitegemea SSD ya ndani, hifadhi ya chipu isiyozunguka, inayosoma 5.5GB kwa sekunde. Mlango wa USB wenye kasi kuliko yote kwenye konsoli hiyo ni wa 10Gbps, yaani hata kwenye karatasi haufiki 1.3GB kwa sekunde. Kwa hiyo hata ukichomeka SSD ghali kwa USB, gemu la PS5 halitafunguka kutoka humo.

Kwako ningeanza na ulichonacho. Eksteno iliyotoka PS4 inatambuliwa na PS5 bila kufomatiwa, magemu yake yatatokea yenyewe. Kisha nenda Settings > Storage > Installation Location, chagua magemu ya PS4 yawe yanasakinishwa kwenye USB. Yale ya PS4 yaliyoko ndani yahamishe: Settings > Storage > Console Storage > Games and Apps, bonyeza kitufe cha Options, chagua Select Items to Move, weka tiki, halafu Move. Unaweza kushangaa nafasi itakayopatikana kabla hujanunua chochote.

Nyuzi_Saba

Naongezea suala la muda. Diski ya kuzunguka ya USB kwa kawaida huenda 100 hadi 120MB kwa sekunde, hivyo gemu la 100GB hesabu kama robo saa. SSD ya SATA (aina ya zamani, ya polepole) kwenye kasha la USB hufika 400MB na zaidi kwa sekunde, gemu hilo hilo ni dakika nne hivi. Kama unacheza gemu moja au mawili kwa wiki kadhaa kisha unabadilisha, robo saa haiumi na eksteno inatosha kabisa. Kama unarukaruka kati ya magemu matano kila siku, utaichukia. Huyo ndiye mtu wa M.2.

Pedi_Mbili

Asanteni. Nimeichomeka mbele, konsoli inasema kifaa hakiwezi kutumika kama hifadhi ya ziada. Ina maana diski imekufa?

BiSkrubu

Diski haijafa, umeichomeka kwenye mlango usiofaa. Kwenye PS5 ya kwanza, mlango mpana wa mbele ni USB 2.0, wa 480Mbps. Hifadhi ya ziada inahitaji 5Gbps au zaidi. Tumia milango miwili ya nyuma, au ule mdogo wa USB-C wa mbele ukiwa na kebo yake. Usipitishe kwenye habu (kigawanyio cha USB), konsoli inakataa. Kebo nayo iangalie: kebo ya USB 2.0 itaishusha diski nzima hata ukiichomeka mlango sahihi. Ukubwa unaokubalika kwa eksteno ni 250GB hadi 8TB, na eksteno inayotumika ni moja tu kwa wakati mmoja.

Jambo moja zaidi, tafadhali sana: usiichomoe eksteno wakati konsoli imewaka au imelala kwenye rest mode. Iondoe kupitia menyu ya Storage kwanza, au zima konsoli kabisa. Ukiichomoa gemu likiwa linaandikwa, mara nyingi ujumbe wa kukarabati diski utatokea ukiwasha, na gemu lililokuwa njiani linaweza kuharibika ukalazimika kulipakua upya. Kwako wewe mwenye bando, hiyo ndiyo hasara kubwa.

Chipu_Tupu

Kuna M.2 za Gen3 (kizazi cha tatu) zinapatikana kwa bei nafuu sana. Zinaingia kwenye PS5? Au hata zile za SATA zenye umbo la M.2?

FundiSloti

Zinaingia kwenye sloti lakini konsoli haizikubali. Umbo la M.2 ni umbo tu, ndani yake kuna aina tofauti. PS5 inataka NVMe, aina ya SSD yenye kasi, ya PCIe Gen4 x4 (kizazi cha nne), na kasi ya kusoma inayopendekezwa ni 5,500MB kwa sekunde au zaidi. Gen3 hapana, SATA hapana. Ukubwa ulianza 250GB hadi 4TB sloti ilipofunguliwa Septemba 2021, na tangu Septemba 2023 inakubali hadi 8TB.

Wengi wanakwama kwenye vipimo. Urefu unaokubalika ni 2230, 2242, 2260, 2280 na 22110. Zilizozoeleka ni 2280, yaani upana wa milimita 22 na urefu wa 80. Hitisinki, lile bamba la kupoza joto, ni lazima iwepo. Ikiwa SSD imekuja bila hitisinki, nunua ya kubandika, lakini pima: unene wote pamoja na SSD usizidi milimita 11.25, na juu ya bodi ya SSD isizidi milimita 8, chini 2.45. Upana pamoja na hitisinki usizidi milimita 25. Hitisinki nyingi za kompyuta ya mezani ni nene kuliko hapo, na kifuniko cha sloti hakitafunga. Usikiache wazi ukidhani hewa itasaidia. Kirudishe, na kama hakifungi, badilisha hitisinki.

Kufunga kwenyewe, kwa PS5 ya kwanza:

Sasisha mfumo wa konsoli kwanza, hata kabla ya kununua, kwa sababu mfumo wa zamani unaweza kutoitambua SSD kubwa. Zima kabisa, usiilaze tu, chomoa waya wa umeme na kebo zote, iache ipoe. Gusa chuma kilichounganishwa na ardhi ili umeme tuli utoke mwilini. Fungua stendi. Jalada unalolitoa ni la upande wa pili, siyo upande wenye sehemu ya kuingizia CD: linyanyue kidogo kwenye kona, kisha liteleze. Usilivute kwa nguvu juu.

Utaona kifuniko kirefu chenye skrubu moja. Tumia bisibisi ya nyota namba 1. Kubwa zaidi itakila kichwa cha skrubu, na kuitoa hapo ni shughuli. Ndani kuna skrubu na kipete kidogo kinachokaa kwenye tundu la 110. Hicho kipete ndicho husahaulika: kihamishie kwenye tundu la 80 kama SSD ni 2280. Ukikisahau, SSD itapinda ukifunga skrubu.

Ingiza SSD kwa mshazari, pengo la meno lilingane na la sloti, isukume hadi mwisho, ilaze, kaza skrubu kiasi, usiikaze mno. Rudisha kifuniko na jalada, washa. Skrini itakuletea yenyewe ukurasa wa kufomati M.2. Kila kilichomo kwenye SSD kitafutika. Ikimaliza itakuonyesha kasi iliyopimwa. Isipotokea kabisa, asilimia kubwa haijaingia hadi mwisho: zima, chomoa umeme, itoe uiingize tena.

Kidhibiti

Baada ya hapo rudi Installation Location, uweke magemu ya PS5 kwenye M.2. Wengi wanasahau, wanashangaa hifadhi ya ndani inazidi kujaa huku M.2 iko tupu.

Mlinzi_wa_Sevu

Hakuna aliyejibu suala la sevu, nami naliona ndilo zito kuliko yote hapa. Gemu unaweza kulipakua tena. Saa 80 za hatua zako huwezi.

Sevu haziendi na gemu. Zinabaki kwenye hifadhi ya ndani ya konsoli daima, hata gemu likiwa M.2 au USB. Faida yake ni kwamba ukilifuta gemu, sevu haifutiki, ukilirudisha unaendelea ulipoishia. Hasara yake ni kwamba ukidhani sevu iko kwenye eksteno kisha ukafanya reset ya konsoli, imekwenda.

Sevu za magemu ya PS4 unaweza kuzinakili kwenye flashi ya kawaida yenye fomati ya exFAT. Sevu za PS5 haziruhusiwi kunakiliwa hivyo moja moja. Zinatoka kwa njia tatu: wingu la PlayStation Plus, lenye 100GB kwa sevu za PS5, kuhamisha data konsoli kwa konsoli kwenye mtandao, au Back Up and Restore iliyoko Settings > System > System Software. Hiyo ya mwisho inapakia konsoli nzima kwenye diski ya USB, lakini angalia: kurejesha hufuta kwanza kila kitu kilichoko kwenye konsoli unayorejeshea. Vikombe (trophies) havimo, hivyo visawazishe na seva kabla. Na diski ya bakapu iwe exFAT au FAT32, NTFS haisomeki.

BiSkrubu

Kuhusu kwenda kwenye Slim bila kupakua: yahamishie magemu ya PS5 kwenye eksteno, ichomeke kwenye konsoli mpya, ingia kwa akaunti ile ile, kisha yarudishe ndani. Eksteno inahama bila kufomatiwa. M.2 ni tofauti: ukiitoa na kuiweka konsoli nyingine lazima ifomatiwe, magemu yote yanafutika. Kwa hiyo iondoe mizigo kabla hujaifungua. Gemu lililokaa muda mrefu kwenye eksteno likirudi ndani litataka sasisho, lipigie hesabu kwenye bando. Gemu la CD nalo husakinishwa zima, na CD inabaki kuwa ndiyo ruhusa ya kucheza.

Njia nyingine ni Data Transfer kwenye menyu ile ile ya System Software, konsoli zote mbili zikiwa kwenye ruta moja. Tumia waya wa LAN. Kwa Wi-Fi magemu makubwa yanaweza kuchukua usiku kucha. Data ya ndani ya nyumba haipiti kwenye bando lako.

Pedi_Mbili

Nimewaelewa. Na ile sehemu ya Other kwenye Storage, inakula makumi ya GB na hakuna cha kufuta humo. Inapunguzwaje?

Nyuzi_Saba

Zima konsoli, shikilia kitufe cha kuwasha mpaka usikie mlio wa pili, karibu sekunde saba. Unganisha pedi kwa kebo, bonyeza kitufe cha PS. Kwenye menyu ya Safe Mode itakayotokea, chagua namba 5, Clear Cache and Rebuild Database, uanze na kusafisha kashe, kisha ujenge upya orodha ya data. Magemu na sevu hazifutiki. Usikaribie namba 6 wala 7, hizo zinafuta konsoli nzima. Pia pitia video ulizorekodi, nakili zinazokufaa kwenye flashi ya exFAT na ufute zilizobaki. Na magemu mengine yanakubali kufuta sehemu moja tu: simama juu ya gemu, bonyeza Options, ingia Manage Game Content, uondoe hadithi uliyokwisha kuimaliza ubaki na uchezaji wa mtandaoni.