Tupeane uzoefu: Indomie na nyama ya kopo, chakula cha usiku siku vyuma vimekaza

Mama Watatu (mwanzisha uzi)

Wadau habari za jioni. Juzi jirani yangu alichungulia jikoni kwangu akasema, "Kumbe na wewe unawapikia watoto Indomie usiku?" Kwa sauti ile ya mtu aliyekufumania. Nikamwambia karibu ukae. Alikula sahani mbili.

Hali ilikuwa hivi. Nimetoka kazini Kariakoo saa kumi na moja, mvua inanyesha, Jangwani pamejaa maji, mnajua mvua ikishika pale kinachofuata. Kimara nimefika saa mbili na nusu usiku. Bucha limefungwa, maharage hakuna aliyeloweka, mtungi wa gesi ukiutikisa husikii kitu. Nyumbani tuko sita: mimi, baba watoto, watoto watatu na mdogo wangu anayesoma chuo. Kabatini kuna pakiti nne za Indomie na kopo moja la nyama ya ng'ombe la gramu 340. Kwenye kapu nusu kabichi, karoti mbili, vitunguu, hoho moja iliyoanza kunyauka.

Hesabu kidogo. Pakiti moja ni gramu 70, nne ni 280. Gawa kwa sita, mtu hapati hata gramu 50. Hapo ndipo wengi wanapokosea, wanaongeza pakiti. Mimi naongeza kabichi. Kabichi ikikatwa nyembamba kama ya kachumbari, kwenye sahani huwezi kuitofautisha na tambi mpaka uitafune, na mtoto akishaitafuna ameshameza.

Nakaanga vitunguu vikolee rangi, naweka nyama ya kopo bila kuongeza mafuta, maana ina yake ya kutosha. Naiponda na mwiko kisha naiacha. Msiikoroge-koroge! Iacheni ishike chini ya kikaango, ikauke kidogo pembeni, ndipo inapoacha kunuka kopo. Halafu karoti, hoho, kabichi. Sufuria ya pembeni nimechemsha tambi dakika moja na nusu tu, nikamwaga maji, nikazigeuza pamoja na nyama zimalizikie humo. Dakika 20 sahani ziko mezani.

Mara ya kwanza kupika hivi nilimwaga vile vipakiti vya viungo vyote vinne, na nyama yenyewe ina chumvi. Usiku kucha watoto wanaomba maji, na asubuhi nikaanika godoro. Siku hizi naweka kipakiti kimoja, nikizidisha sana viwili.

Haya, leteni yenu. Mnapikaje, na ilianzaje?

Kijana wa Geto

Mimi kwenye jagi la umeme. Sina la kuongeza, naendelea kusoma.

Baba Nuru

Dada yangu, nina swali kabla ya uzoefu. Hicho kweli ni chakula cha kubana matumizi? Duka la kwetu kopo la gramu 340 bei yake inakaribia nusu kilo ya nyama ya bucha. Nusu kilo ina mchuzi, ina mfupa, unakula na ugali watu sita na kesho kiporo. Naona nyama ya kopo ni ya wenye nazo, sisi wengine tunajipa moyo tu.

Mama Watatu

Baba Nuru hujakosea, ukihesabu nyama peke yake. Sasa weka na gesi. Nyama ya bucha ya siku hizi inachemka saa nzima na bado unaing'ang'ania kwa meno. Na saa mbili na nusu usiku bucha gani liko wazi? Halafu kopo zima silipiki siku moja. Nusu leo, nusu kesho kutwa kwenye wali au na viazi. Kwenye tambi ile nyama kazi yake ni kukoleza, usiihesabu kama kitoweo. Ukitaka kila mtu aone mnofu, nenda bucha.

Mzee wa Kawe

Nimesoma nikacheka. Ninyi mnaiona ngeni hii. Sisi tulikua na kiwanda chake mlangoni. Tanganyika Packers ilikuwa hapa hapa Kawe, ng'ombe wanaingia upande mmoja, makopo yanatoka upande mwingine. Leo vijana ukiwaambia Tanganyika Packers wanajua ni viwanja vya mikutano ya injili.

Kopo lenyewe halikuwa la duara. Lilikuwa la pembe nne, upande mmoja mpana kuliko mwingine, limebandikwa kifunguo chake cha bati. Unakichomeka kwenye ulimi wa kopo, unazungusha, utepe wa bati unajiviringisha. Ukiharakisha unakatika katikati, na hapo ndipo damu humwagika. Nina kovu kwenye kidole gumba tangu nikiwa shule ya bweni. Ule upana wa upande mmoja una sababu: unafungua upande mpana, unagonga, nyama inateleza nzima nzima kama tofali. Ukitaka kuikata vipande vya kukaanga, iweke kwenye friji kwanza, mafuta yagande. Ikiwa ya moto inavunjika.

Wakati huo hatukuwa na hizo tambi zenu. Tulikula na mkate, au na ugali wa bweni uliokuwa na sauti ukianguka sahanini.

Mama Watatu

Shikamoo mzee. Hiyo ya friji sikuijua.

Mzee wa Kawe

Marahaba mwanangu.

Njaanuari Survivor

Salamu kutoka Nairobi. Huku mwezi ukifika kona, na hasa Januari ambayo tunaiita Njaanuari, karo imelipwa na mfuko umebaki na risiti, Indomie ndiyo mwokozi. Lakini nyama ya mkebe mimi siiwezi bei yake, naungana na Baba Nuru. Natumia mayai mawili na sukuma ya shilingi ishirini iliyokatwa na mama mboga mwenyewe. Tuko wanne.

Mayai usiyavunje juu ya tambi zikiwa kwenye maji, utapata uji wa ajabu. Yakaange kando, yakatekate, uyarudishe mwisho. Niliwahi kumpikia hivyo mama mkwe alipotufikia bila taarifa. Alikula kimya. Nikadhani nimefeli. Wakati wa kuondoka akamuuliza mke wangu chini chini, "Hiyo spageti yenu mnanunua wapi?"

Mpwani 001

Wa Mombasa hapa. Nyinyi nyote mmesahau nazi. Mimi nachukua mkebe wa jodari, namwaga mafuta yake, natia tui jepesi kwenye sufuria na kitunguu thomu, pilipili mbuzi nzima isiyopasuliwa, bizari kidogo. Likianza kuchemka natia tambi humo humo, zinywe tui. Mwisho jodari na ndimu. Kile kipakiti cha viungo natupa kabisa, sina haja nacho. Wanangu hawajui kuwa ni chakula cha dharura, wao huniuliza ni siku gani tena.

Na ile pilipili itoeni kabla hamjapakua. Mwaka jana ilimwangukia shemeji yangu kwenye sahani, akadhani ni hoho.

Dada wa Muscat

Assalaam alaykum. Niko Oman mwaka wa sita, nafanya kazi za nyumbani. Huku Indomie duka lolote unaikuta, watoto wa nyumba ninayofanya kazi wangeachiwa wangekula asubuhi, mchana na usiku. Huwawekea kuku wa kopo, ile lanchoni, nakata vijiti vidogo nakaanga mpaka iwe nyekundu.

Nataka kuwakumbusha Waislamu walio Ulaya na Marekani: someni kopo. Mtu asidhani kila nyama ya kopo ni ng'ombe. Ile Spam ya kawaida, maarufu sana Marekani, ni nyama ya nguruwe. Rafiki yangu alipofika huko kwa mara ya kwanza alinunua kwa sababu ya picha tu, hakujua Kiingereza vizuri. Amekuja kujua kopo la tatu. Alilia. Tukamwambia hukujua, Mungu ni mwenye kusamehe, tupa sufuria ukitaka roho itulie. Akatupa sufuria.

Mjuaji Mwenzenu

Msisahau kumwaga maji ya kwanza. Tambi zile zimepakwa nta zisishikane. Nta hiyo inakaa tumboni siku nne. Nilitumiwa kwenye kundi la familia.

Nesi Mstaafu

Mwanangu, hakuna nta. Vile vijiduara vinavyoelea juu ya maji ni mafuta. Tambi za namna hii hupikwa kwa mvuke, kisha hukaangwa kwenye mafuta ya moto kabla ya kufungwa. Maji yaliyomo hutoka ghafla, yanaacha vitundu vidogo vidogo, na ndiyo maana ukizitia maji ya moto yanaingia haraka na zinaiva dakika mbili tatu. Aliyezianzisha ni Momofuku Ando, Japani, mwaka 1958. Kumwaga maji kunapunguza mafuta kidogo, si vibaya. Ila nta, hapana.

Cha kuangalia ni chumvi, kama mwanzisha uzi alivyojifunza kwa godoro. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku nzima, hiyo haifiki hata kijiko cha chai kilichojaa. Kipakiti cha viungo kina chumvi, nyama ya kopo ina chumvi, na tambi zenyewe zimetiwa chumvi. Mwenye presha nyumbani mpakulie mapema kabla hujatia kipakiti.

Na kopo lililovimba hata kidogo, usionje, tupa. Usiseme "limevimba kwa joto". Nusu inayobaki ihamishie kwenye bakuli lenye mfuniko, iwekwe kwenye friji, isilale ndani ya kopo lililofunguliwa.

Mjuaji Mwenzenu

Asante nesi. Nimeirudisha kule kwenye kundi. Shangazi kaniondoa.

Fundi wa Nguzo

Yangu si ya familia sana lakini wapo watakaojifunza. Tulikuwa kambini, kazi ya kusimika nguzo za umeme, watu saba, jiko la mawe matatu. Tambi ziko kwenye sufuria, mwenzetu mmoja akasema kupasha nyama kwenye chombo kingine ni kuchafua vyombo. Akalitupia kopo kwenye makaa. Zima. Halijatobolewa.

Tulikuwa tunabishana mambo ya Simba na Yanga. Mlio ulipotoka kila mtu alilala chini. Sufuria ilipinduka, nyama tuliiona asubuhi, ipo juu ya turubai, nyingine kwenye kofia ya msimamizi. Hakuna aliyeumia, namshukuru Mungu mpaka leo, maana bati lile lilipita kama panga. Tulikula tambi zilizookotwa juu juu, zina mchanga. Yule jamaa tangu siku hiyo jina lake ni Bomu, hata mkewe anamwita hivyo.

Kopo halipashwi likiwa limefungwa. Fungua, mimina.

Njaanuari Survivor

Kofia ya msimamizi 😂😂 nimeamsha mtoto.

Baba Nuru

Nimerudi. Jana mama Nuru alisafiri, nimebaki na watoto wawili. Nilikuwa na kiburi lakini saa moja usiku kiburi hakiliki. Nimenunua kopo dogo, pakiti tatu, kabichi robo. Nimeacha nyama ishike chini kama ulivyosema. Nimeacha zaidi ya ulivyosema. Kikaango kiko kwenye maji mpaka sasa nakisugua. Ila watoto wamekula, na Nuru ameuliza kwa nini mama hapikagi hivi. Sijui nimjibu nini mama akirudi.

Mama Watatu

Baba Nuru, usimwambie. Na hicho kikaango weka maji na magadi, kichemke kidogo, kitaachia chenyewe.

Mimi leo nimejaribu ya Mpwani, tui badala ya maji, ila na nyama ya ng'ombe kwa sababu jodari sikuwa naye. Imekuwa nzito, kesho kutwa nitapunguza tui. Nusu ya kopo nilikuwa nimeificha kwenye bakuli nyuma ya mtungi wa maji kwenye friji, kama nesi alivyoelekeza. Nimeenda kuangalia sasa hivi. Kuna mkate umepungua vipande vinne na bakuli limeoshwa, limewekwa pale pale. Baba watoto anakoroma.