Wapelelezi wasiojua upelelezi: filamu bubu za Uingereza

Mwalimu wa Jinja: Ndugu wanajukwaa, tunaandaa onyesho la vichekesho bubu vya Uingereza vya kabla ya 1915, hasa vile vya raia anayejipachika upelelezi akaishia kumkamata asiyehusika. Naomba kujua tuanze na nani, na kama inafaa vijei, yule msimulizi anayeeleza filamu papo hapo, azisimulie jinsi tulivyozoea kwenye vibanda vya video.

Mpenda Sinema, Kampala: Mwalimu, anza na Fred Evans, aliyevuma kwa jina la Pimple tangu 1912. Alikuwa na studio katika kisiwa cha Eel Pie, Twickenham, na alifanya kazi kwa gharama ndogo kiasi kwamba mandhari mara nyingi yalikuwa turubai lililopakwa rangi, wala hakujisumbua kulificha. Ustadi wake ulikuwa kukejeli kazi za wakubwa: mwaka 1914 alitoa Sexton Pimple, akimdhihaki Sexton Blake, mpelelezi wa magazeti ya bei nafuu aliyekuwa akisomwa tangu 1893. Asiyemjua Blake atacheka nusu tu, kwa hiyo watanguliziwe maelezo mafupi. Ipo pia A Canine Sherlock Holmes ya 1912, ambamo mbwa ndiye mwenye akili ya kuwanusa wezi wa benki.

Binti wa Mbale: Vijei simtaki. Utamu wa vichekesho hivi ni kwamba mtazamaji anajua zaidi ya mpelelezi: mwizi tunamwona nyuma ya pazia, naye mjuaji wetu amepiga magoti na kioo cha kukuzia, akichunguza nyayo zake mwenyewe kwa uzito wa hakimu. Vijei akishapaza sauti kwamba mwizi yuko pale, amekwisha kutunyang'anya kicheko. Badala yake tafuteni mpiga kinanda wa kusindikiza picha.

Mzee wa Kibanda: Binti yangu, hata Uingereza ya enzi hizo walikuwapo wasimulizi waliosimama kando ya skrini wakieleza picha. Vijei anayeijua kazi ataongea kama mpelelezi mwenyewe, akijisifu kwa kila ushahidi wa uongo, na siri ya mwizi ataiacha ilipo. Ninachohofia mimi ni mwendo. Futi 1,000 za filamu ya milimita 35, zikienda kwa picha 16 kwa sekunde, huchukua zaidi kidogo ya dakika 16. Kwa picha 24 za siku hizi zinamalizika kwa dakika 11 hivi, watu wanarukaruka kama panzi, na ule mtazamo wa mpumbavu anayejiona mwerevu unapita kabla hamjauona. Mwalimu, kagua hilo kwanza kwenye nakala mtakayoipata.