Udi wa arobaini ya mtoto wa Nasra

Kikundi: UKOO WA MIKINDANI

Shangazi Zuhura: Asalaam alaikum ukoo mzima. Jumapili arobaini ya mjukuu. Nimepata udi mzuri wa Unguja na ubani, na chetezo nakuja nacho. Chumba cha mzazi kitanukia mpaka barabarani inshallah.

Nasra: Waalaikum salaam, shikamoo shangazi. Nashukuru sana. Ila naomba chumbani pasifukizwe. Jana wageni walikuja wamejipulizia manukato makali, wakampakata mmoja baada ya mwingine. Mtoto kakohoa usiku. Na mimi pumu ilinibana mpaka nikavuta dawa.

Shangazi Zuhura: Marahaba mwanangu, pole. Lakini sote humu tumefukizwa tangu uchanga.

Rehema (zahanati): Shikamoo shangazi. Udi una heshima yake, hakuna anayeukataa. Kinachonitisha ni mkaa wa chetezo ndani ya chumba kilichofungwa. Unatoa kaboni monoksaidi, gesi isiyo na harufu, na inaua. Udi ukinukia juu yake ndiyo kabisa, hakuna atakayeshtuka. Tena moshi wenyewe una chembe ndogo mno zinazofika ndani kabisa ya mapafu, na ya huyu mtoto bado machanga.
Manukato nayo, kwa mwenye pumu harufu kali peke yake yatosha kumbana kifua. Wengine huumwa kichwa, wengine ngozi.

Wifi Mwajuma: Ngozi nakubali. Nilijipulizia shingoni nikashinda juani ufukweni. Mabaka meusi yalikaa miezi.

Rehema (zahanati): Mafuta ya bergamoti, tunda la jamii ya machungwa linalotiwa kwenye manukato, hufanya hivyo yakipigwa na jua. Halafu ile chupa ya zamani kabatini, wifi, itupe. Limonene na linalool, viambato vya harufu vilivyomo kwenye manukato mengi, zikikaa na hewa hubadilika, zinawasha zaidi. Ulaya watengenezaji walilazimishwa kutaja viambato 26 vya manukato vinavyoleta mzio, na mwaka 2023 orodha ikaongezwa ikapita 80. Kiambato cha Lilial wamekipiga marufuku kwenye vipodozi tangu 2022. Sisi tunapimiwa kwenye kichupa kisicho hata na karatasi, tutajuaje kilichomo?

Ami Hamisi: Sasa mgeni keshafika mlangoni ananukia, tumwambieje? Ni fedheha.

Rehema (zahanati): Ami, tuwaambie leo kwenye mwaliko, kistaarabu, kwamba mzazi ana pumu. Watu wanaelewa.
Nasra, mtoto anapumuaje? Hesabu dakika nzima akiwa ametulia. Zikifika 60, au mbavu zikiingia ndani akivuta pumzi, au akikataa kunyonya, mpelekeni hospitali usiku huu huu.

Nasra: Nimehesabu amelala, 44. Ananyonya vizuri, mbavu zimetulia.

Rehema (zahanati): Alhamdulillah. Asipakwe marashi wala mafuta yenye harufu. Maji na sabuni isiyo na manukato yanamtosha.

Bibi Somoe (anaandikiwa na Hamisi): Nimesikia. Zuhura, mtoto kwanza.

Shangazi Zuhura: Nimekuelewa mama. Chetezo nitakiweka uani chini ya mwembe, mbali na dirisha la Nasra. Ami, andika mwaliko sasa hivi, mimi nawapigia wa Mtwara mjini.

Ami Hamisi: Naandika.