Mama yumo katika filamu tatu za makala, jina lake halimo: nianzie wapi?

Wanajukwaa, heshima kwenu. Marehemu mama yangu alikuwa mwitikiaji katika bendi ambayo haikuvuma sana. Onyesho lao moja lilirekodiwa na kituo cha televisheni, na kipande hicho kimetumika katika filamu tatu za makala. Katika mojawapo anaonekana kwa sekunde 11: anasogelea maikrofoni, anakaza kitambaa kichwani kwa mkono wa kushoto, kisha anaitikia. Msimulizi hamtaji, na mwishoni kumeandikwa “picha za maktaba” pamoja na jina la kituo, basi. Sitafuti fedha kwanza. Nataka mama atajwe. Je, familia ina haki gani?

Jibu la 1
Pole sana, ndugu. Hakimiliki ya mkanda kwa kawaida ni ya aliyerekodi, lakini haki za mtumbuizaji ni jambo jingine. Mkataba wa Roma wa 1961, mkataba wa kimataifa wa haki za watumbuizaji, unamlinda, ila kifungu cha 19 kinaeleza kwamba akisharidhia onyesho lake liingizwe katika picha, ulinzi wa kifungu cha 7 unakoma. Kwa hiyo tafuteni karatasi yoyote aliyotia saini. Mkataba wa Beijing wa 2012, ulioanza kutumika tarehe 28 Aprili 2020, unampa mtumbuizaji wa picha na sauti haki ya kutajwa, isipokuwa pale namna ya matumizi isiporuhusu. Hata hivyo unazifunga nchi zilizouridhia tu, hivyo muone mwanasheria wa hakimiliki kabla ya kudai malipo.

Jibu la 2
Nimefanya kazi ya kuhifadhi mikanda kwa miaka mingi, na naamini tatizo lenu limeanzia kwenye kadi ya mkanda, yaani kadi ya maktaba inayoeleza kilichomo ndani yake. Mtafiti wa filamu hunakili kilichoandikwa pale. Kama kadi inasema “bendi ikitumbuiza”, hana pa kulipata jina. Kiandikieni kituo, mtaje dakika na sekunde anapoonekana, mwambatanishe picha yake ya wakati ule, mkiomba kadi irekebishwe. Watengenezaji wa filamu waandikieni baadaye, maana filamu iliyokwisha kutoka ni vigumu kubadilishwa. IMDb, orodha ya filamu na wahusika wake iliyoko mtandaoni, nayo ina alama maalumu ya wanaoonekana kwa picha za maktaba, kwa hiyo anaweza kuorodheshwa huko.

Muulizaji
Ahsanteni sana. Jana usiku tumepata picha ya bendi nzima, na nyuma yake mama ameandika majina ya wote saba, kila mmoja kwa nafasi aliyosimama. Katika barua kwa kituo nitaomba kadi itaje wote saba.